Jana Jioni Mlikula Nini?

Mimi Mejumaa nimefagia, nimepika chai na nimebeba mafaili katika ofisi ya usajili ya chuo kimoja huku kwetu Msambweni kwa miaka ishirini na mitatu. Nimeona watoto wakilia, nimeona mababa wazima na ndevu zao wakilia, nimeona msichana akizimia kwa kusikia jina lake limeitwa. Nikastaafu nikijua kwamba mambo ya vyuo hayana tena cha kunistua. Kumbe cha kunistua kilikuwa kinaningoja nyumbani. Mwaka huu mjukuu wangu Riziki ameitwa chuo kikuu kusomea uuguzi, na nusura asiende. Na aliyekaribia kumzuia hakuwa karani wala waziri. Ni mimi, kwa mdomo wangu huu huu.

Basi nyinyi mlio na barua za vyuo mikononi, na nyinyi mnaozisubiri, someni haya. Mimi nimekomea darasa la nne, kwa hiyo maneno makubwa sina.

Aliyenifunza kazi alikuwa Bi Zaituni, mpika chai aliyenitangulia. Alinifunza kupika chai ya watu thelathini bila maziwa kufurika, na alinifunza kumtazama mtu anayeingia ofisini. "Usimtazame nguo," aliniambia. "Nguo za kuja ofisini watu huazimana. Tazama miguu." Nikawa natazama miguu. Mtu amevaa kanzu nyeupe imepigwa pasi, ukishuka chini unaona visigino vimepasuka kama udongo wa Kinango wakati wa kiangazi, unajua huyu ametembea, na atarudi kwa miguu.

Siku hizo za mwanzo waliokuja kujisajili walikuwa wavulana watupu, na wengi wao wana wa watu wa bara, walimu na polisi na wafanyakazi wa hoteli za Diani. Wana soksi. Msichana wa kwetu akitokea mlangoni, askari wa getini alimwonyesha njia ya hospitali akidhani amepotea.

Halafu ikaja zamu ya wasichana. Wallahi sikuamini macho yangu. Siku moja nimebeba ndoo, napita karakana, namwona binti wa Shimoni, mtaratibu, mtandio kichwani, ameshika moto anaunga vyuma na cheche zinaruka. Nikaiweka ndoo chini nikapiga bismillahi. Mwaka uliofuata mvulana mwenye misuli kama mchukuzi akaingia darasa la ushonaji, akashona kuliko wasichana wote. Hoteli zilipofunga milango, wakaja wahudumu wenye mvi kuketi dawati moja na watoto wa rika la watoto wao. Akaja mama na bintiye, mwaka mmoja, darasa moja la upishi, na mama akamshinda binti, binti akanuna muhula mzima. Mfugaji mmoja wa huko ndani alileta mbuzi wawili getini, akataka waandikwe kuwa ndio karo. Askari alishika kamba za wale mbuzi tangu asubuhi hadi adhuhuri huku wakubwa wakijadiliana, na mbuzi wakala maua yote ya mkuu wa chuo.

Makosa? Nimefanya. Mwaka wangu wa kwanza nilikuta fomu zimerundikwa mezani kwa Bwana Mutiso, karani mkuu wa usajili. Kila moja ina doa la wino wa zambarau. Nikasema, wacha nimsaidie mzee wa watu. Nikachukua kitambaa chenye maji nikayafuta madoa yale, moja baada ya jingine, kwa bidii. Bwana Mutiso aliporudi akashika kichwa.

"Mama Mejumaa," aliniambia, "unajua umefuta nini?"

"Uchafu, bwana."

"Mihuri ya machifu. Mama, leo asubuhi umeifuta serikali yote ya Msambweni."

Watoto wote wale walirudi kwa machifu wao kupigiwa muhuri upya. Kwa hiyo nawaambia, fomu yako ikishapigwa muhuri iache ikauke, usiikunje. Usiifunge kwenye pindo la leso pamoja na vitumbua. Nimeona cheti kimeingia mafuta hadi jina likawa halisomeki. Tia kwenye mfuko wa nailoni. Na cheti chenyewe usimwachie mtu, mpe nakala. Nenda Jumanne. Jumatatu karani bado ana hasira za kurudi kazini.

Sasa niwaambie ya Mzee Bakari, maana bila yeye hamtaelewa yaliyonifika.

Kila mwaka palikuwa na siku ya basari, ule msaada wa karo. Watu watatu waliketi ukumbini, Bwana Mutiso katikati, na mbele yake trei mbili. Ya buluu ni ya wenye shida, watasaidiwa. Ya kijani ni ya wanaojiweza, watalipa wenyewe. Wazazi waliingia na watoto wao mmoja mmoja, wakaulizwa, faili likatiwa huku au kule. Mimi kazi yangu chai. Kwa miaka kadhaa nilizunguka na birika langu na sikusikiliza. Siku hiyo, sijui kwa nini, nikasikiliza.

Aliingia Mzee Bakari wa Kikoneni na bintiye Mwanatumu. Nikatazama miguu. Baba ana ndara za rangi mbili. Binti ana viatu vya mtu mwingine, kisigino kimechungulia nje.

"Karibu mzee. Habari za nyumbani?" akauliza Bwana Mutiso.

"Njema, alhamdulillah."

"Familia inaendeleaje?"

"Twashukuru. Hatuna neno."

"Shamba je?"

"Shamba lipo, bwana. Mungu ametujaalia."

"Kwa hivyo hamna shida?"

"Aa, shida tena! Sote wazima."

Faili likaenda trei ya kijani. Akashukuru, akatoka kwa adabu, mkono kifuani.

Aliyefuata alikuwa bwana mmoja wa bara, ana koti. Akaulizwa habari. "Mbaya, mbaya sana bwana karani! Mvua imekataa, ng'ombe amekufa, mke yuko hospitali, na mimi mgongo." Trei ya buluu. Wala simlaumu. Kwao mtu akiulizwa hali, anasema hali. Kwetu mtu akiulizwa hali, anajibu njema, hata kama amebeba maiti. Ndivyo tulivyolelewa. Kwanza njema, kisha kumshukuru Mungu, na shida yako utaitoa baadaye, faraghani, ukishaulizwa mara nyingine kwa upole na mtu anayekujua. Nani atakuuliza mara nyingine katika ofisi yenye foleni hadi getini?

Nikaitazama trei ya kijani. Jina la juu, la kwetu. Hilo lililotokeza ubavuni, la kwetu. Birika likaniponyoka. Chai ikamwagika hadi kwenye viatu vya wakubwa, na mimi nimesimama tu kama nguzo, sina hata wazo la kufuta. Watoto wetu hawakuwa wananyimwa. Walikuwa wanakataa wenyewe, kwa heshima, mbele ya macho yangu, mwaka baada ya mwaka, na mimi nawaongezea sukari.

Nilimvuta Bwana Mutiso mlangoni mwa jiko.

"Yule mzee wa Kikoneni hana kitu," nikamwambia.

"Mama, nimemwuliza mara nne!"

"Hukumwuliza. Umemsalimu mara nne."

Akanitazama. Alikuwa mtu wa Kitui, mtu mwema, na nikaona uso wake unabadilika polepole kama mtu aliyekumbuka kwamba ameacha jiko linawaka nyumbani. "Sasa nimwulize nini?"

"Mwulize jana jioni walikula nini."

Mzee Bakari alikuwa bado getini, anapumzisha miguu. Tukamrudisha. Bwana Mutiso hakumwuliza habari tena. "Mzee, jana jioni mlikula nini?" Yule mzee akamtazama bintiye. Mtu wa kwetu atakwambia njema na hajioni mwongo, kwa sababu hiyo ni salamu. Lakini ukimwuliza chakula, hapo akidanganya amedanganya.

"Muhogo," akasema.

"Na mchana?"

"Huo wa jioni ndio wa mchana, bwana."

Faili likahama trei. Mwanatumu alisoma, akamaliza, ana kazi yake hadi leo. Bwana Mutiso aliuliza swali lile kila mwaka mpaka alipostaafu, na watoto wa Kikoneni na Lunga Lunga wakaanza kujaa madarasani. Lakini wale wa kabla yake? Jioni ile niliosha vikombe huku nikiwakumbuka, yule mwenye kovu, yule pacha, yule aliyenisaidia kubeba maji. Walirudi kwao wakidhani chuo hakikuwataka. Hao sikuweza kuwarudisha kutoka getini.

Hadithi hii nilimpa Riziki tangu hajaota meno ya pili. Mamake amefariki, babake ameoa huko mbali na simu hashiki, kwa hiyo tumebaki mimi na yeye, na hadithi zangu zote amezimeza.

Sasa hakuna trei. Hakuna Mutiso. Fomu inajazwa kwenye mtandao, maswali mengi, kisha kompyuta inakutia kwenye kundi: huyu asaidiwe sana, huyu kidogo, huyu ajilipie. Tukaenda saiba ya Wambui, mwanamke wa Nyeri aliyefungua duka la kompyuta sokoni. Saiba imejaa watu. Na kwenye kiti cha nyuma yangu, nani ameketi? Bi Saumu, jirani yangu, ambaye akijua umekosa chumvi asubuhi, ifikapo adhuhuri Ukunda nzima inajua.

"Haya shosho," Wambui akaanza, kwa sauti ya kuuzia nyanya, "nyumba yenu ni ya nini? Mawe? Matope?"

"Shosho ni nyanya yako. Mimi niite bibi."

"Haya bibi. Nyumba?"

"Ya mawe," nikasema, na shingo nikainyoosha. Chumba cha mbele ni cha mawe, nimekijenga kwa kiinua mgongo changu. Tunacholala ni udongo na makuti, na ukuta mmoja umeshalala kabla yetu. Lakini hakuniuliza ukuta.

"Mnakula mara ngapi kwa siku?"

Nyuma yangu kiti cha Bi Saumu kikalia kwi. Amesogea.

"Mara tatu! Kwani sisi kuku wa kudonoa?"

Watu wakacheka. Nami nikacheka.

"Karo ya sekondari alilipa nani?"

"Mimi." Nusu walitoa watu wa msikiti, nusu ni minazi niliyouza, na haikubaki minazi.

"Kuna mgonjwa nyumbani?"

"Sote wazima, alhamdulillah." Na sukari ninayo, na dawa yake naigawa nusu nusu.

Riziki alikuwa ameketi ubavuni mwangu, mikono mapajani. Wambui akabonyeza. "Basi bibi, nyinyi mko sawa kabisa." Nikatoka pale natembea kama bibi harusi.

Ujumbe ulikuja baada ya wiki chache. Nilikuwa uani nakuna nazi. Riziki akasoma simu, akaisoma tena, akaja kuchutama mbele yangu.

"Bibi, wamenitia kundi la wanaojiweza."

"Kundi la nani?"

"La kujilipia, Bibi. Karibu yote."

Akanitajia karo. Nilidhani amekosea kusoma. Nikamwambia asome taratibu. Akasoma taratibu, ikawa ile ile. Kifuu cha nazi kilikuwa bado mkononi mwangu na sikukihisi. Mimi! Mimi niliyemwambia Mutiso, umemsalimu mara nne! Mimi niliyewakaripia wazazi foleni nzima kwa miaka, semeni, waume kwa wake, semeni, hapa si harusini! Nimeketi mbele ya kompyuta nikaipa salamu.

"Na wewe ulikuwepo," nikamgeukia mtoto kwa ukali, maana aibu hutafuta pa kutokea. "Umenisikia. Mbona hukunisahihisha?"

"Ningekukanusha vipi, Bibi, mbele ya watu? Mbele ya Bi Saumu?"

Hapo ndipo nilipokaa chini kabisa, mavumbini. Nimemlea vizuri mno. Nimemlea akapata adabu ya kuweza kumpoteza.

Rufaa ilikuwapo, ila ilitaka barua ya kueleza hali yetu ya kweli, na barua hiyo huandikwa na naibu wa chifu. Tukaenda Jumatano asubuhi. Njia nzima nilikuwa napanga maneno: ukuta, dawa, minazi. Ofisi ya Bwana Hamisi, naibu mwenyewe, ni chumba kimoja, mlango haufungwi kwa sababu ya joto, na benchi la wanaongoja liko mlangoni hapo hapo. Anayeketi nje anasikia hadi kalamu ikiandika. Na kwenye benchi, naapa, alikuwa Bi Saumu, amekuja na shughuli yake. Nikaona bora ardhi inimeze.

"Shikamoo, Bibi," akasema Bwana Hamisi. Mtu mpole, ana heshima zake.

"Marahaba, mwanangu."

"Habari za nyumbani?"

"Njema, alhamdulillah."

"Hamna tabu?"

"Hatuna neno. Twashukuru."

Akaiweka kalamu chini. "Basi barua ya nini, Bibi?"

Jamani. Nilifungua kinywa, maneno yote niliyopanga njiani hayamo. Nikatazama ukuta, nikatazama picha ya rais, nikasema tena, "Alhamdulillah."

Riziki akanishika mkono. Hakumtazama Bwana Hamisi. Alinitazama mimi.

"Bibi," akasema, "jana jioni tulikula nini?"

Mtoto ameniuliza swali langu mwenyewe.

"Ulikula uji," nikasema.

"Na wewe?"

"Mimi nilikuwa nimefunga, nikafuturu kwa tende."

"Jana ilikuwa Jumanne, Bibi."

Kila mtu pale anajua kuwa funga za sunna ni Jumatatu na Alhamisi. Nikasikia mtu nje akivuta pumzi. Mtoto bado amenishika mkono, na sasa macho yake yamejaa, kwa sababu alipouliza hakujua jibu. Alidhani mimi ni mtu wa ibada nyingi. Mwaka mzima alikuwa akinisifia kwa wenzake, bibi yangu hufunga kuliko imamu.

"Sikuwa nimefunga," nikasema. "Uji ulikuwa wa mtu mmoja."

Bwana Hamisi akainama akaanza kuandika, na alipomaliza ukurasa akageuza. Hakuniuliza tena habari. Aliuliza ukuta gani umeanguka, nikamwambia. Dawa gani, nikamwambia. Nilipoinuka kutoka, Bi Saumu alikuwa amesimama mlangoni. Nikajiandaa. Naye akanishika bega, akapita, akaketi kwenye kiti changu kilichokuwa bado kina moto, akasema kwa sauti ambayo benchi zima lilisikia:

"Na mimi nimeleta ya mjukuu wangu. Jana jioni hatukula, Hamisi. Andika."

Njia ya kurudi Riziki alinitangulia hatua tatu. Tulipofika aliingia jikoni, akafunika sufuria kwa sahani, akaniwekea nusu ya chakula chake. Kuanzia siku hiyo nusu ikawa nusu.

Kundi lilibadilishwa. Yuko Eldoret sasa, anavaa masweta mawili na analalamika kwamba watu wa huko hunywa chai bila tangawizi. Darasani kwao, anasema, wamo watoto kutoka kila pembe, na wa pwani wanajuana kwa kusema njema.

Hupiga simu kila jioni. "Shikamoo, Bibi. Umekula nini?" Hanipi nafasi ya kusema njema. Nami namjibu vile vilivyo, mchicha, au muhogo na papa, au leo chai tu. Yeye huuliza, mimi hujibu.

Juzi ndipo nikazinduka kwamba tangu aende sijawahi kumwuliza yeye.

"Na wewe, mwanangu, umekula nini?"

Akacheka, kile kicheko changu cha saiba.

"Mimi nimeshiba, Bibi. Niko sawa, alhamdulillah."

Nikaketi. Nikaibana simu sikioni kwa mikono miwili.

"Riziki," nikamwambia, "sikukusalimu."